Macho ni Yake

Uchochoro wa Mafundi Bati, Nyumba Na. 9,
Hanoi.
Jumanne asubuhi

Kwako Kaka Khiem,

Salamu nakupa kwa sababu mama alitufundisha kusalimu hata tukiwa na hasira, na hasira ninayo, kaka, ninayo ya kutosha mtaa mzima. Hujambo? Wifi Huong hajambo, na mgongo wake umepoa? Ngan bado anakohoa kwa hicho kiyoyozi chenu cha huko ghorofa ya ishirini na mbili? Mimi mwili ni mzima. Nakula, nalala kidogo, miguu inavimba kama kawaida yake. Paa la jikoni kwa mama linavuja tena na nimekinga ndoo. Basi, ya afya yameisha.

Nakuandikia kwa mkono kwa kuwa umenifungia simu. Nimepiga mara kumi na moja. Nikamwandikia Ngan, naye masikini akajibu kwamba baba amekataza mtu yeyote nyumbani humo kuzungumza na shangazi mpaka shangazi aombe radhi. Mimi niombe radhi! Haya. Barua hii anakuletea Thang wa pikipiki, na nimemwambia asibanduke mlangoni mpaka akuone unaifungua. Ukitaka kuichana, ichane, kuchana unakujua. Lakini soma kwanza mpaka mwisho, maana keshokutwa Ijumaa wale watu wa kaure wanawasha tanuri lao wachome picha ya kaburi la baba, na kabla hawajawasha kuna jambo lazima ulijue.

Nasema keshokutwa na leo ni Jumanne. Unaona hasira inavyonifanya? Hata siku sizijui. Ijumaa, basi, zimebaki siku tatu.

Tuanze na Jumamosi. Sikukualika kwenye maonyesho yangu, ni kweli, na nilikuwa na sababu. Wewe ukaja hivyo hivyo, na tai shingoni, na wifi, na wale wakubwa wawili wa ofisini kwenu, ili waone dada yako ametoka gazetini. Kazi yangu unaijua japo unajifanya huijui. Miaka thelathini nimechora marehemu wa mji huu kwa masizi ya taa na brashi. Mtu anakuja na kipicha cha kitambulisho kilicholiwa na mende, anaondoka na uso wa kutundika kwenye madhabahu ya wazee nyumbani kwake. Siku hizi hawaji, wana simu. Na uchochoro wetu unabomolewa nyumba baada ya nyumba, watu wametawanyika, leo hii ukimuuliza mtoto wa kwa fundi saa babu yake alikuwa nani anakutolea macho. Ndipo nikaanza kuwafuata waliohamishwa, huko kwenye maghorofa, nawauliza habari za wazee wao ambao hawakuacha picha. Nawauliza wanakumbuka nini. Wanachokumbuka nachora, wasichokumbuka naacha karatasi nyeupe. Siongezi. Mjane wa fundi saa anakumbuka sikio la mumewe tu, kwa sababu ndilo lililokuwa upande wake kitandani, basi nimechora sikio. Ndugu wawili wa nyumba namba nne wanagombana hadi leo kama kidoti cha mama yao kilikuwa shavuni au kidevuni, nimewachorea vidoti viwili na uso hakuna. Wamekuja wote wawili Jumamosi, wamesimama pale mbele, wamelia, halafu wakaanza kugombana upya.

Na wewe ukafika mbele ya karatasi ya baba. Macho mawili, kope la kushoto limelegea kidogo, na kovu dogo juu yake. Pua hakuna, mdomo hakuna, taya hakuna. Ukageuka ukaniuliza mbele ya watu wote kama baba alikuwa zimwi. Baba hana pua? Baba hana mdomo? Umemfanya kinyago cha kuchekesha wageni? Nikakuomba tutoke nje nikueleze. Ukasema eti huna haja ya kuelezwa sura ya baba yako na mtu yeyote, kwa sababu kila asubuhi unaponyoa ndevu unamwona kwenye kioo. Ukajipiga kidevuni na vidole, hivi, hivi. Wakubwa wako wakaitikia kwa vichwa. Halafu ukanyoosha mkono ukaing'oa karatasi ukutani, ukaichana vipande vinne, ukaitupa kwenye pipa lenye maganda ya machungwa. Wewe, mtu mzima wa miaka hamsini na sita! Na watu wanakupiga video!

Nimeviokota vile vipande, kaka. Nilipiga magoti pale na gauni langu jipya nikaviokota kimoja kimoja, na hakuna aliyenisaidia isipokuwa mjane wa fundi saa.

Na hilo si la kwanza. Mwaka jana, baada ya kuletewa mifupa ya baba kutoka mpakani, ukasema sasa mzee amerudi nyumbani, mambo yake yapambe. Ukaupiga picha ule mchoro wa madhabahuni, mchoro wangu, niliouchora nikiwa na miaka kumi na tano, ukaipa simu yako iugeuze picha ya rangi. Simu ikampa baba mashavu mekundu. Ikamnyoosha kope, ikamfuta kovu, ikamtia meno. Baba aliyekufa vitani kwenye baridi ya mpakani ametoka kama mtu anayetangaza dawa ya mswaki. Nawe ukafurahi! Ukaitia fremu ya dhahabu ukaiweka madhabahuni, na ule mchoro wa zamani ukauchoma siku ya kumbukumbu ya kifo chake, pamoja na nguo za karatasi na pesa za karatasi tunazomtumia huko aliko. Mimi naingia mlangoni na sinia la vitumbua vya mchele, nakuta kona ya mwisho inajikunja motoni. Nilipopiga kelele ukanijibu kwa upole wako ule wa kuudhi kwamba kitu kilichokaa madhabahuni hakitupwi, huchomwa kwa heshima, na kwamba mimi fundi mzima nilipaswa kulijua hilo. Nalijua. Nililijua kabla yako.

Sasa picha hiyo hiyo ya meno ndiyo umeipeleka ichomwe kwenye kaure ibandikwe kaburini, isitoke tena kwa mvua wala jua. Wifi ndiye aliyeniambia, pale maonyeshoni, kabla hujaanza vituko vyako.

Ngoja nikujibu na lile la siki, maana na hilo ulilitapika mbele ya watu. Ulisema mama nilimteka tangu utotoni. Kwamba wewe, mtoto wa kiume na wa kwanza, ndiye uliyestahili kuwasha ubani wa baba, lakini kila mwaka, mama akishika kiberiti tu, anakutuma dukani ukanunue siki kama kijakazi. Kila mwaka! Na ukirudi ubani umeshawaka, umeshateketea nusu, na mimi nimesimama pale pembeni yake kama malkia. Hujasahau. Hata yale machupa ya siki tuliyoyakuta chini ya ngazi mama alipofariki, machupa ishirini na saba hayajafunguliwa, ulicheka ukasema uzee wa mama ulianza mapema. Nilikuona lakini unavyocheka. Ulikuwa unalia.

Na mimi umenishika ubaya kwa ajili ya kiberiti. Madhabahu imehamia kwako huu mwaka wa nne, na kila mwaka nakuja asubuhi na mapema kabla hujaoga, nakupokonya kiberiti mkononi. Mwaka juzi tumevutana mbele ya Ngan mpaka njiti zikamwagika sakafuni. Ukaniambia najifanya mwanamume. Ukaniambia nimekosa mume na watoto sasa nataka kukosesha wengine baba. Maneno hayo nimeyaweka, kaka, sijayatupa. Niliokota njiti moja nikawasha ubani mwenyewe huku nakukanyaga mguu usisogee mbele ya picha.

Sasa kaa chini. Kama umesimama hapo mlangoni na Thang anakutazama, mwambie aende, halafu kaa.

Unakumbuka kile kipicha cha baba? Kile cha kitambulisho, kidogo kama kucha ya dole gumba, mama alichokuwa akikiweka ndani ya kopo la chai? Kilikuwa kimoja tu duniani. Mwaka ule nilipoanza kujifunza kazi kwa mzee Luong, mama alikipeleka pale ili mzee akikuze, tupate uso wa kuweka madhabahuni kama watu wengine. Mzee akakitazama na kioo cha kukuzia, akakuta ukungu umeingia shavuni. Akasema kazi hii ni ngumu, ataifanya yeye mwenyewe wiki ijayo, na mimi nisiguse. Nilikuwa na miaka kumi na tano na nilikuwa najiona fundi. Nilitaka mama aseme kwamba binti yake ndiye aliyemrudisha baba nyumbani.

Siku ile mchana mzee alilala baada ya kula. Nikachukua karatasi nikapiga miraba, nikachora miraba midogo juu ya kioo nikakiweka juu ya picha, nikaanza. Mzee Luong alikuwa na sharti lake kwamba macho yanatangulia. Macho yakikataa, unamrudishia mwenye picha picha yake na unamwomba radhi, huendelei. Basi nikaanza na macho. Yakakubali, kaka. Sijawahi tena kuchora kitu namna ile. Kope lililolegea, kovu, na ule uchovu wake, vyote vikatoka kwenye brashi kama vilikuwa vinanisubiri. Nikaangalia nikaogopa.

Nikahamia shavuni, na pale ukungu ulinizuia kuona. Nikachukua pamba, nikailoanisha kidogo tu, nikafuta. Picha ikatoka na ukungu wake. Ngozi yote ya picha iliteleza ikaja na pamba, pua, mdomo, macho, kila kitu, na mkononi mwangu kikabaki kikaratasi cheupe.

Sikulia. Nilikaa nikakitazama, nje bibi Thoa anauza chai na anamtukana mtu, na mzee anakoroma. Baba alikuwa amekufa miaka minane, na mimi nilikuwa nimemuua tena kwa pamba.

Jioni nilirudi nyumbani na ile karatasi yenye macho nimeificha kwenye mkeka. Wewe ulikuwa umetoka kiwandani umelala chali barazani, mdomo wazi kidogo, miaka kumi na tisa. Nikakutazama. Nikajiambia mtoto hufanana na baba, watu wote husema hivyo. Nikakaa kwenye kizingiti nikachora. Pua yako. Mdomo wako, nikaufumba. Taya lako, na kidevu hicho hicho unachojipiga vidole mbele ya wakubwa wa ofisi. Masikio yako, maana moja linachomoza kuliko jingine, na mimi kwa upumbavu nikalichora vile vile linavyochomoza. Nikakuongezea mikunjo michache na nywele za mtu wa miaka thelathini na tano. Siku tatu, kila ulipolala baada ya zamu. Ukaniuliza mara moja mbona nakukodolea, nikakwambia una nzi usoni.

Hufanani na baba, Khiem. Labda unafanana naye, sijui, hakuna anayejua tena. Ule mchoro ndio uliofanana na wewe, kwa sababu ulikuwa wewe. Bibi Thoa alipouona madhabahuni akapiga kofi akasema jamani, huyu mtoto amemtoa baba yake kopi! Mtaa mzima ukaitikia. Ukaanza kutembea umeinua kidevu. Ukaanza kutoa amri kwa sauti nzito, ukawa baba wa nyumba kwa sababu una sura ya baba, na mimi ndiye niliyekupa sura hiyo, nikawa nanyamaza kila ulipoitumia kunikaripia. Miaka thelathini na saba nimenyamaza. Uso wa mtu hai, wa kaka yangu, umekaa juu ya madhabahu unapewa wali na ubani kama wa maiti, na sisi tunajua wote maana yake: aliye hai akifukiziwa ubani wa wafu, anaitwa awafuate. Ulipovunjika mguu kwa pikipiki nilijifungia chooni nikajipiga makofi. Ulipopasuliwa moyo mwaka ule wa mafuriko nilikaa nje ya chumba cha upasuaji siku nzima bila kula, nawe ukawaambia watu dada yangu bwana, ana roho ngumu lakini ananipenda. Nilikuwa nangoja kusikia kama nimekuua.

Sasa sikiliza la mama. Nilipomletea ule mchoro nilimwambia picha iliharibika baada ya kazi kwisha. Aliushika akaupeleka dirishani. Aliutazama muda mrefu. Halafu akasema maneno matatu tu. Akasema macho ni yake. Hakusema pua, hakusema mdomo. Hakuniuliza tena habari za kile kipicha mpaka anaingia kaburini. Akauweka madhabahuni, kwa sababu macho yale hakuwa na mahali pengine pa kuyaona.

Na mwaka ule ule, siku ya kumbukumbu, alipochukua kiberiti, akageuka akakwambia Khiem mwanangu, siki imeisha, kimbia dukani. Siki ilikuwepo. Niliiona rafuni, chupa imejaa. Alikutoa nje usiwe mbele ya ubani unapowaka, ili moshi umwendee mwenye macho na wewe usikukute. Mwaka uliofuata hivyo hivyo. Kila mwaka, kaka, mpaka miguu yake ilipokuwa haimbebi. Na kila mwaka ulirudi umenuna, ukamkabidhi chupa, naye akaishika kwa mikono miwili akakutazama kuanzia kichwani mpaka miguuni kama mtu anayehesabu kama umerudi mzima, kisha akaenda kuificha chini ya ngazi. Mama hakukufanya kijakazi. Hakuna mtoto aliyependwa nyumba hii kama ulivyopendwa wewe, na mimi nilikuwa nasimama pale pembeni yake nikilijua hilo, na wivu ulinichoma, na sikuwa na haki hata ya wivu.

Basi hiyo ndiyo sababu siongezi. Niliongeza mara moja tu. Na macho uliyoyachana Jumamosi, niliyachora kwa kufumba ya kwangu na kuuacha mkono ukumbuke wenyewe, baada ya wewe kuyachoma ya kwanza na simu yako kuyanyoosha ya pili. Kitu pekee cha kweli cha baba kilichobaki mjini humu ulikitupa kwenye maganda ya machungwa. Nina hasira na wewe, sitakuficha, na nitakuwa nayo muda mrefu. Lakini nimekaa hapa mezani kwa mama tangu alfajiri na nimegundua kwamba nusu yake ilikuwa inaniangalia mimi.

Wapigie hao watu wa kaure leo. Waambie wasiichome. Huwezi kubandika uso wako mwenyewe kaburini, Khiem, sikuachii, nitakuja na nyundo nikalale makaburini kama ni lazima. Kama unataka kitu cha kubandika, ndani ya bahasha hii nimekuwekea karatasi ndogo iliyokunjwa mara moja. Usiifungue na wifi pembeni, ifungue peke yako. Kope la kushoto limelegea. Nimeichora asubuhi hii. Wakubwa zako wakiuliza pua iko wapi, waambie hatuna.

Msalimie wifi Huong, na mwambie dawa ya mgongo niliyomwahidi nimeshaipata. Mbusu Ngan, na umruhusu azungumze na shangazi yake. Bibi Thoa anakusalimu, ana miaka tisini na moja na bado anawatukana watu. Nyumba nayo inakusalimu, na ndoo yake jikoni.

Kumbukumbu ya baba ni mwezi ujao na ile picha ya fremu ya dhahabu najua bado iko pale. Nitakuja asubuhi na mapema. Nikishika kiberiti, usinipokonye na usiniulize kitu mbele ya watoto. Vaa viatu, toka, nenda dukani kanunue siki.

Ni mimi mdogo wako,
Thuc